Kanali Aliyetaka Vita

Mjomba wangu alirudi Tanga mwaka 1967 na sanduku la bati, koti zito la sufu ambalo hakulivaa tena mpaka anafariki, na Kicheki. Sisi watoto wa dada zake tulikizoea Kicheki chake kama tulivyozoea kikohozi chake. Fedha alihesabu kwa lugha ile; akijigonga kidole kwa nyundo, alilalama kwa lugha ile. Alikuwa mmoja wa vijana wa Kiafrika waliosoma Praha katika Chuo Kikuu cha 17 Novemba, kilichofunguliwa mwaka 1961 kwa ajili ya wanafunzi wa nchi zilizokuwa zikitoka ukoloni.

Nilikuwa kidato cha pili nilipomwuliza, "Mjomba, ilikuwaje chuo kikaitwa tarehe?"

Aliweka kikombe chini. "Kaa, mwanangu. Hiyo tarehe ina watu ndani yake."

Akanisimulia. Wajerumani wa Hitler waliingia nchi ya Wacheki tarehe 15 Machi 1939. Oktoba 28 mwaka huohuo, siku ya uhuru wa Chekoslovakia, watu wa Praha waliandamana, na mwanafunzi wa udaktari aliyeitwa Jan Opletal akapigwa risasi. Alifariki Novemba 11. Mazishi yake yakageuka maandamano mengine. Alfajiri ya tarehe 17 Wajerumani wakavamia mabweni. Viongozi tisa wa jumuiya za wanafunzi waliuawa bila kesi, vijana zaidi ya 1,200 wakapelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen, na vyuo vikuu vyote vya Wacheki vikafungwa. Tangazo lilisema ni kwa miaka mitatu. Havikufunguliwa mpaka vita vilipokwisha.

"Na waziri wa elimu alikubali?"

"Waziri mwenyewe aliletwa baadaye," alisema. "Huyo ndiye." Kisha akaniambia kwamba mwalimu aliyemfundisha Kicheki alikuwa msichana wa shule wakati wa vita, na kwamba mama yule hakulitamka jina la waziri huyo hata mara moja. Alimwita "yule wa redioni".

Jina lake ni Emanuel Moravec. Mjomba hayupo tena, mimi sasa ni mwalimu wa historia, na kwa miaka mingi nimekuwa nikimsoma mtu huyu kila nilipopata cha kusoma. Vibaraka nimewasoma wengi. Wengine walinunuliwa, wengine walitishwa, wengine walikuwa na imani ya Kinazi tangu zamani. Moravec ananisumbua kwa sababu hakuna hata kisa kimoja kati ya hivyo kinachomtosha.

Alizaliwa Praha mwaka 1893. Wakati huo Wacheki walikuwa chini ya Austria-Hungaria, kwa hiyo Vita Kuu ya Kwanza vilipoanza alivalishwa sare ya Kaisari wa Vienna akapelekwa kupigana na Warusi. Akatekwa, akajikuta kambi ya mateka kule Samarkand. Hapo akafanya uamuzi ambao ungemtia kitanzi lau Waaustria wangemkamata tena: akajitolea kupigana upande wa pili, kwanza katika kikosi cha Waserbia, baadaye katika Lejioni ya Chekoslovakia, jeshi la watu waliokuwa wakipigania nchi ambayo bado haijawepo kwenye ramani. Mara ya kwanza kubadili sare, basi, aliibadili kwa ajili ya watu wake, na kwa hatari kubwa. Sipendi kulipitia hilo haraka, kwa sababu wanaomtaja kama msaliti wa kuzaliwa hulipitia haraka sana.

Nchi ikapatikana mwaka 1918. Moravec akabaki jeshini, akapanda mpaka ukanali, akafundisha katika chuo cha juu cha kivita Praha. Usiku aliandika. Makala zake za mambo ya ulinzi zilitoka gazetini kwa jina la bandia, Stanislav Yester, na zilisomwa kuliko za maofisa wengi wenye vyeo vikubwa zaidi yake. Jambo alilolirudia ni hili: nchi yetu ni ndogo, iko katikati ya Ulaya, Ujerumani itakuja, na tukitaka kuishi lazima tuwe tayari kupigana. Walijenga ngome za zege kuuzunguka mpaka. Walikuwa na viwanda vya Škoda, vilivyotengeneza silaha zilizotafutwa na majeshi mengi duniani.

Jioni ya tarehe 23 Septemba 1938 serikali ilitangaza wito wa jeshi zima. Wanaume zaidi ya milioni moja waliitika, wengine wakitembea usiku uleule kwenda stesheni na begi lililofungwa na wake zao. Halafu ikaja Munich. Ujerumani, Italia, Uingereza na Ufaransa zilikaa usiku wa kuamkia tarehe 30 zikakubaliana kumkatia Hitler maeneo ya mpakani, pamoja na zile ngome. Wacheki hawakukaribishwa mezani; wajumbe wao wawili walisubiri hotelini kuambiwa nchi yao imekatwa wapi.

Moravec alimwendea Rais Edvard Beneš akamsihi apigane. Hakuwa peke yake kati ya wanajeshi, lakini yeye alikuwa mwenye sauti kali kuliko wengi. Alitaka vita hata kama Wafaransa hawaji. Beneš alikataa, aliona watu wake watachinjwa peke yao na dunia itazame. Ngome zikakabidhiwa bila kufyatua risasi. Beneš akajiuzulu, akaenda ng'ambo. Moravec, aliyeendelea kuandika kwa hasira, akaondolewa kwenye ufundishaji na kuzuiwa kuchapisha.

Mtu kama huyo, ukiambiwa miezi sita baadaye Wajerumani wameingia Praha huku theluji ikianguka, utasema atakamatwa wiki ya kwanza. Mwenyewe aliogopa hivyohivyo. Makala zake zote dhidi yao zilikuwa zimehifadhiwa. Wajerumani walizisoma vizuri, ndiyo maana hawakumkamata. Waliona kitu ambacho wenzake hawakukiona: katika maandishi yale, kuwachukia Wajerumani kulikuwa kidogo, na kuwachukia wanyonge kulikuwa kwingi. Wakamwita, wakamtembeza Ujerumani, wakamwonyesha viwanda na kambi za vijana. Mwaka 1939 huohuo akatoa kitabu. Ndani yake wakosaji ni Beneš, Ufaransa na Uingereza. Ujerumani, ile aliyoitolea tahadhari miaka yote, sasa ndiyo nguvu ambayo mtu mwenye akili hujipanga nayo.

Nimejiuliza sana ni nini kilitokea kwa mtu huyu kati ya Septemba na Machi. Neno nililolipata ni la nyumbani kwetu: alisusa. Kila mtu wa pwani anajua kususa. Mtoto amekosewa kweli, ana haki yake kabisa, lakini badala ya kudai anageuza uso ukutani na kukataa chakula, na kadiri anavyobembelezwa ndivyo anavyotaka wote waliomo ndani waumie. Wakubwa humwambia: ukisusa, wenzio twala. Moravec alisusia taifa zima. Lilikuwa halikumsikiliza, na sasa alitaka lione.

Sisemi hivyo kwa kubahatisha moyo wa mtu wa mbali. Utamu huo nimeuonja. Miaka kadhaa iliyopita, katika shule niliyokuwa nikifundisha, uliletwa mpango wa kujenga madarasa mawili upande wa bondeni. Nilisimama kikaoni nikasema maji ya masika hupita pale, nimeyaona kwa macho yangu. Nikaambiwa mwalimu wa historia aachie ujenzi wenye ujenzi wao. Madarasa yakajengwa. Masika ya mwaka wa pili mvua ilinyesha usiku kucha, na asubuhi nilisimama kwenye dirisha la ofisi ya walimu nikawaona wanafunzi wa kidato cha kwanza wakitoa madawati, wameyabeba kichwani, maji yakiwafika magotini, msichana mmoja akishikilia madaftari yake kwa meno ili mikono ipate kubeba. Na nilifurahi. Nasema ukweli. Kwa muda wa kama dakika moja kifua changu kilijaa furaha kwamba mvua imenipa haki, na nilimwangalia yule msichana kama ushahidi wangu. Mwenzangu mmoja alinipita mlangoni, ameshakunja suruali, akaniuliza, "Mwalimu, huji?" Nikavua viatu.

Moravec hakuvua.

Wajerumani waliigeuza nchi ile kuwa Protektorat ya Bohemia na Moravia. Mjomba alinitafsiria neno hilo kwa urahisi: himaya. Pwani yetu inalijua. Unguja iliwekwa chini ya himaya ya Waingereza mwaka 1890, Sultani akabaki na kiti chake na watu wengine wakabaki na nchi. Praha nako walimwacha Rais, mzee Emil Hácha, jaji aliyetia saini ya kuikabidhi nchi, kwa vitisho, Berlin usiku wa tarehe 14 kuamkia 15 Machi, akazimia hapohapo mpaka daktari wa Hitler akamchoma sindano. Waliacha baraza la mawaziri, stempu, na walinzi wachache wa Rais. "Kama akida," alisema mjomba, ambaye babu yake aliwaona maakida wa Mjerumani wakikusanya kodi huku kwetu. "Kilemba chako, fimbo yake."

Waziri Mkuu wa miaka ya mwanzo, Alois Eliáš, alikuwa naye ofisa wa jeshi na mpiganaji wa lejioni, kama Moravec. Alikaa kwenye kiti kilekile cha aibu, lakini usiku alipeleka habari kwa Beneš, London. Tarehe 27 Septemba 1941 Reinhard Heydrich, jenerali wa SS, jeshi la chama cha Hitler, alifika Praha kushika nchi, na siku hiyohiyo Eliáš alikamatwa. Siku chache baadaye alihukumiwa kifo. Ndani ya miezi miwili watu wapatao 400 walihukumiwa na kuuawa, huku wafanyakazi wa viwanda vya silaha wakiongezewa mafuta ya kula na kugawiwa viatu. Heydrich alijua anachofanya: anayetengeneza mizinga apate viatu, anayefikiri apate risasi.

Ili kupata mtu wa kulisemea hilo kwa Kicheki fasaha, alimchagua Moravec. Kulikuwa na mafashisti wa Kicheki, chama cha Vlajka, waliokuwa wakimshangilia Hitler tangu mwanzo na waliomchukia kanali huyu. Heydrich hakuwataka. Watu waliwadharau. Moravec alikuwa mpiganaji wa lejioni, mwandishi, mtu aliyewahi kutaka vita. Kauli yake ilikuwa na uzito ambao mafashisti wale hawakuwa nao. Sauti yake ilikuwa imeshazoeleka redioni. Tarehe 19 Januari 1942 aliapishwa kuwa Waziri wa Elimu na Uelimishaji wa Umma, yaani shule, magazeti, redio, maigizo na sinema, vyote mkononi mwake.

Hebu fikirieni kikao cha baraza lile. Mawaziri ni Wacheki, isipokuwa mmoja, Walter Bertsch, Mjerumani aliyepewa uchumi na kazi. Kwa sababu yake yeye mmoja, kikao chote kikawa kinaendeshwa kwa Kijerumani. Wanaume wazima waliozaliwa katika lugha moja wanakaa meza moja, katika mji wao, wanajadili shule za watoto wao kwa lugha ya aliyewavamia, na kati yao ameketi mtu ambaye miaka minne tu nyuma alikuwa akiandika kwa Kicheki kila wiki kwamba nchi ilindwe.

Na waziri huyu wa elimu hakuwa na chuo kikuu hata kimoja cha kusimamia. Vile vya 17 Novemba vilibaki vimefungwa. Wanafunzi ambao wangekuwa madaktari na wahandisi walipelekwa viwandani. Shule zilizobaki zilijazwa Kijerumani, walimu wakafanyiwa mitihani ya lugha hiyo, vitabu vya historia vikaondolewa au kukatwa. Nikifika hapa huwa nasimama kusoma. Nimekaa kwenye ofisi za walimu miaka ishirini. Najua waraka unavyosomwa, mkuu wa shule akikohoa kabla ya aya ngumu, na walimu wakiangalia madirisha. Waraka wa Moravec ulifika kwa watu kama mimi. Walikuwa na watoto nyumbani. Kesho yake asubuhi waliingia darasani.

Tarehe 27 Mei 1942 Jan Kubiš na Jozef Gabčík, askari wa miavuli waliotumwa kutoka London, walimshambulia Heydrich kwenye kona ya barabara. Alifariki tarehe 4 Juni. Kesho yake tu baada ya shambulio, Mei 28, ilitoka amri ya kuanzisha Baraza la Malezi ya Vijana, Kuratorium, mwenyekiti wake Moravec: kila kijana wa Kicheki mwenye miaka 10 hadi 18 alitakiwa kulitumikia. Lilipangwa kwa mfano wa vijana wa Hitler. Chama kikubwa cha mazoezi ya viungo cha Wacheki, Sokol, kilikuwa kimeshapigwa marufuku, kwa hiyo mtoto aliyetaka kucheza mpira alilazimika kupita mlango wa Moravec.

Msako ulipokuwa ukiendelea, Wajerumani waliweka vitu vya washambuliaji kwenye dirisha la duka la Bata, uwanja wa Wenceslas: baiskeli, mikoba, koti, kofia. Wengi wetu hatujui kwamba Bata, viatu vyetu vya shule, ni kampuni ya Wacheki wa mji wa Zlín. Mjomba aliniambia kwamba alipokuwa mwanafunzi alipita kwenye uwanja ule mara nyingi, na kila mara aliangalia vioo vya maduka akiitafuta ile baiskeli. Watu wa Praha walipitishwa mbele yake mwaka 1942. Aliyeitambua na kusema, zawadi ilikuwa korona milioni 10. Serikali ya Hácha, ambamo Moravec alikaa, ikaongeza milioni 10 nyingine. Redioni Moravec aliwahimiza wananchi wawatoe vijana wao.

Tarehe 10 Juni, kulipiza kisasi cha Heydrich, kijiji cha Lidice kilifutwa. Wanaume 173 walipigwa risasi papo hapo kwenye uwanja wa shamba moja, magodoro yakiwa yameegemezwa ukutani risasi zisirudi. Wanawake walipelekwa kambi ya Ravensbrück. Watoto 82 waliuawa kwa gesi kule Chełmno. Kati yao walikuwamo watoto wa shule. Waziri wao wa elimu aliendelea na kazi, na tarehe 3 Julai alisimama uwanja wa Wenceslas pamoja na Hácha mbele ya umati uliokadiriwa kufika watu 200,000, kuapa utii kwa Ujerumani, mikono imeinuliwa. Eliáš alikuwa ameshauawa wiki mbili kabla.

Kuna jambo la wakati huo ambalo watu wengi wanaomjua Heydrich hawalijui. London ilituma pia watu wa kumuua Moravec. Mwishoni mwa Aprili 1942 askari wawili, Jaroslav Švarc na Ludvík Cupal, waliruka kwa miavuli wakiwa na kazi hiyo moja. Kutua kuliwaendea vibaya, wakaumia na kupotezana. Švarc alifika Praha, na ulinzi ulipokaza akafichwa katika kanisa la mtaa wa Resslova pamoja na wale waliomshambulia Heydrich. Walikuwa saba. Mwenzao mmoja, Karel Čurda, alikuwa amejipeleka mwenyewe kwa Gestapo, polisi wa siri wa Wajerumani. Tarehe 18 Juni askari wa SS kwa mamia walilizunguka kanisa. Wazima moto walilazimishwa kuingiza mabomba ya maji kupitia kidirisha cha chumba cha chini. Saa kadhaa walipigana. Risasi zilipobaki chache, waliokuwa chumba cha chini walijimalizia nazo. Mjomba alikiona kidirisha kile, ukuta wake umechimbwa na risasi mpaka leo. Alisema aliweka vidole ndani ya mashimo, na vidole viwili vilizama.

Miaka mitatu iliyobaki siielezi kwa kirefu. Moravec aliendelea kuongea. Aliwaambia Wacheki kwamba Ujerumani inashinda, kisha kwamba haiwezi kushindwa, kisha kwamba ikishindwa watakuja Wabolsheviki, wakomunisti wa Urusi. Mwanawe Igor aliingia SS, na baada ya vita alinyongwa. Wenye kumtetea baba mtu husema alikuwa akiokoa kilichoweza kuokolewa. Hácha aliweza kusema hivyo, na Mcheki angemsikiliza hata kama hamsamehe. Moravec hakusema hivyo redioni. Aliwaambia waipende hali yao.

Asubuhi ya tarehe 5 Mei 1945, saa kumi na mbili, watangazaji wa redio ya Praha walifanya jambo dogo. Kwa miaka sita lugha mbili zilikuwa zimelazimishwa kukaa pamoja kwenye kila tangazo. Asubuhi hiyo mtangazaji alitaja saa kwa kuzichanganya makusudi katika sentensi moja, "Je sechs hodin", namba kwa Kijerumani na maneno mengine kwa Kicheki, na baada ya hapo redio ikazungumza Kicheki peke yake. Watu walisikia kutoka jikoni kwao. Mabango ya Kijerumani yalianza kung'olewa mitaani, na mchana redio ikaita msaada kwa sababu SS walikuwa ndani ya jengo lake, ngazi kwa ngazi.

Moravec alijipiga risasi siku hiyohiyo, akiwa njiani kwa gari.

Nilimwuliza mjomba, mwaka wake wa mwisho, kama mwalimu wake wa Kicheki aliwahi kumsimulia siku ile. Alikuwa amelala, macho yamefumbwa. "Alisema mama yake alifungua madirisha yote," alinijibu, "akaongeza sauti ya redio, ili na jirani wasikie."